Malipo ya Likizo ya Mstaafu wa Chuo: Madai Hufia kwenye Tarehe na Karatasi

Katika madai yote anayotoka nayo mtumishi wa chuo kikuu siku ya kustaafu, malipo ya likizo ambayo hakuichukua ndiyo madogo kwa kiasi, na ndiyo yanayochosha kuliko yote. Mafao yana mfuko wake, PSSSF kwa watumishi wa umma na NSSF kwa walio wengi wa vyuo binafsi. Mshahara wa mwezi wa mwisho umo kwenye orodha ya malipo. Likizo haina mwenyewe. Mhasibu anasubiri maelekezo ya utumishi, utumishi wanasubiri mkuu wa idara athibitishe siku zilizobaki, na mkuu wa idara aliyepo leo hakuwepo mwaka ule mwalimu alipoambiwa aahirishe likizo akasimamie mitihani.

Ukiyasoma majalada ya migogoro ya aina hii, ya Arusha na ya Moshi, unaona jambo moja likijirudia: mstaafu mara chache hushindwa kwa kuwa hakuwa na haki. Hushindwa kwa kuchelewa, kwa kugonga mlango usio wake, au kwa kukosa karatasi moja ambayo ilikuwa mezani kwake miaka yote ile.

Mlango ndio wa kuangalia kwanza. Chuo Kikuu cha Ushirika Moshi na Taasisi ya Nelson Mandela iliyopo Arusha ni taasisi za umma. Mwenge pale Moshi, Tumaini Makumira na Chuo Kikuu cha Arusha kule Usa River ni vyuo vya taasisi za dini, kwa hiyo ni waajiri binafsi. Kazi inaweza kuwa ileile, hata mihadhara ikafanana, lakini njia ya kudai ni tofauti kabisa. Wa chuo binafsi anakwenda Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, ile tuliyozoea kuiita CMA. Wa chuo cha umma ni mtumishi wa umma, na tangu 2016 Sheria ya Utumishi wa Umma ina kifungu cha 32A kinachomtaka amalize kwanza njia zote zilizomo ndani ya sheria hiyo kabla hajagusa njia za sheria za kazi. Maana yake ni barua kwa mwajiri, kisha Tume ya Utumishi wa Umma, na kuendelea juu. Mwaka 2022 Mahakama ya Rufani ilipokaa Mtwara, katika shauri lililolihusu Shirika la Posta, ilisema wazi kwamba CMA haina mamlaka ya kusikiliza mgogoro wa mtumishi wa umma, hata wa shirika. Kuna wastaafu waliopata tuzo nzuri CMA, yaani uamuzi wa kulipwa, wakaishikilia miaka, halafu Mahakama Kuu ikaifuta yote kwa neno moja tu: mamlaka. Suala la mamlaka huweza kuibuliwa hatua yoyote, hata kwenye rufaa. Kwa hiyo ushindi wa haraka kwenye mlango usio wako ni hasara iliyoahirishwa. Ninayoyaandika kuanzia hapa yanamhusu zaidi wa chuo binafsi.

Sheria yenyewe ni fupi. Kifungu cha 31 cha Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya 2004 kinampa mfanyakazi likizo ya mwaka ya siku 28 za mfululizo katika kila mzunguko wa miezi 12, sikukuu zinazoangukia humo zikiwa ndani ya hesabu. Mwajiri ndiye anayepanga lini iende, lakini isipite miezi sita baada ya mzunguko kwisha, au miezi 12 kama mfanyakazi ameridhia na kazi yenyewe inadai hivyo. Kifungu cha 44 kinasema ajira inapokoma mwajiri alipe, pamoja na mengine, likizo ambayo haikuchukuliwa na ile iliyokwisha kujikusanya katika mzunguko ambao haujatimia. Watu wengi hudai ile ya kwanza tu na kuisahau ya pili.

Hesabu ndipo pande zote mbili zinapokosea, kila mmoja kwa upande unaompendeza. Sheria inasema likizo iliyojikusanya hulipwa kwa kiwango cha mshahara wa msingi wa siku moja kwa kila siku 13 ambazo mtu amefanya kazi au alistahili kufanya kazi. Mshahara wa siku nao haupatikani kwa kugawa mwezi kwa 30. Jedwali la sheria linataka mshahara wa mwezi ugawanywe kwa 4.333 kupata wa wiki, kisha wa wiki ugawanywe kwa siku ambazo mtu hufanya kazi kwa wiki.

Tuchukue mhadhiri wa mfano mwenye mshahara wa msingi wa shilingi 1,300,000, anayefanya kazi siku tano kwa wiki, mzunguko wake wa likizo ukianza 1 Julai, na amestaafu 31 Machi. Kwa wiki ni kama 300,023. Kwa siku ni kama 60,005. Kuanzia Julai hadi Machi ni wiki 39, yaani siku 195 za kazi. Gawanya kwa 13, unapata siku 15. Mara 60,005, anadai shilingi 900,075, ukipenda sema laki tisa. Mhasibu aliyegawa kwa 30 ataandika 43,333 kwa siku na kuja na 650,000. Laki mbili na nusu zimeyeyuka bila mtu yeyote kuiba. Ni mazoea ya kompyuta ya mishahara tu.

Sasa geuza upande. Mstaafu huyohuyo, kwa likizo nzima ya mwaka uliopita ambayo hakwenda, huandika 28 mara 60,005 na kudai zaidi ya milioni moja na laki sita. Hapo amechanganya siku za kalenda na siku za kazi. Siku 28 za mfululizo ni wiki nne, na wiki nne kwa anayefanya kazi siku tano ni siku 20 za kazi: 20 mara 60,005 ni takriban 1,200,000. Uhakika wa hesabu hii uko ndani ya sheria yenyewe, kwa kuwa mwaka wa siku 260 za kazi ukigawanywa kwa 13 unatoa 20. Mwamuzi anapoona mstaafu amezidisha dai kwa namna hii, huanza kuyatilia shaka hata yale mengine aliyoyahesabu vizuri. Kuna hali nyingine ambayo malipo yake ni mshahara wa mwezi mzima: pale mfanyakazi aliporidhia kufanya kazi wakati wa likizo yake, jambo lililoruhusiwa na marekebisho ya baadaye kwa sharti asifanye hivyo miaka miwili mfululizo. Lakini ridhaa hiyo lazima ionekane kwenye maandishi.

Neno mshahara wa msingi nalo lishikwe vizuri. Posho ya nyumba, posho ya madaraka ya mkuu wa idara, malipo ya saa za ziada, vyote haviingii. Mwalimu aliyekuwa amidi wa kitivo na kupokea jumla ya milioni mbili na nusu atashtuka kuona hesabu imeanzia chini, lakini ndivyo sheria ilivyotafsiri mshahara wa msingi. Na kodi itakatwa. Sheria ya Kodi ya Mapato inayataja malipo badala ya likizo kuwa ni mapato ya ajira, kwa hiyo yakilipwa pamoja na mshahara wa mwisho wa mtu ambaye tayari amevuka milioni moja kwa mwezi, kila shilingi ya hapo inakatwa asilimia 30. Kati ya laki tisa za mfano wetu, zinazoingia benki ni kama 630,000. Wapo wanaodhani chuo kimewadhulumu kumbe ni kodi. Omba mchanganuo wa maandishi kabla ya kulalamika.

Kosa jingine la mara kwa mara ni kuchanganya malipo ya likizo na nauli ya likizo. Hivi ni vitu viwili. Malipo ya likizo ni haki ya sheria. Nauli ya likizo katika utumishi wa umma hutolewa kila baada ya miaka miwili kwa mujibu wa Kanuni za Kudumu, na katika vyuo binafsi hutegemea mkataba au kanuni za utumishi za chuo husika. Mstaafu anayeandika "nadai likizo za miaka sita" huku moyoni akimaanisha nauli ambazo hazikulipwa, anampa mwajiri nafasi ya kuleta fomu za likizo zilizosainiwa na kumaliza kesi asubuhi moja. Likizo alikwenda kweli. Alichokosa ni nauli, na hakuitaja.

Mwajiri anayejua kujitetea huja na hoja mbili. Ya kwanza ni kwamba likizo za zamani zimepotea. Na hoja hii ina mguu wa kusimamia: kifungu cha 31 chenyewe kinasema mtu hastahili malipo ya likizo iliyojikusanya kama hakuichukua ndani ya muda na mazingira yaliyowekwa. Anayedai likizo za miaka kumi kwa mdomo mtupu atapoteza tisa. Kinachomwokoa ni ushahidi kwamba aliomba na mwajiri akakataa au akaahirisha. Hapo ndipo fomu ya likizo inapokuwa mali. Itazame vizuri: ina sehemu ya siku zilizobaki mwaka uliopita, sehemu ya siku zinazoombwa, maoni ya mkuu wa idara na uamuzi wa utumishi. Maoni yaliyoandikwa kwa kalamu, "aahirishe hadi baada ya mitihani", yenye saini na tarehe, yana uzito kuliko kurasa tano za maelezo yako. Tatizo ni kwamba fomu iliyokataliwa hubaki kwenye jalada la utumishi, na mwombaji harudishiwi nakala. Piga picha kwa simu kabla ya kuikabidhi, na ukiikabidhi masijala omba muhuri wa kupokelewa kwenye nakala yako.

Hoja ya pili ni ya vyuo pekee: "Mwalimu alikuwa mapumzikoni kila chuo kilipofungwa." Wanafunzi wanapoondoka Julai, mwalimu huwa anasahihisha, anazunguka kukagua wanafunzi walio kwenye mafunzo kwa vitendo, na Septemba anasimamia mitihani ya marudio. Chuo kufungwa kwa wanafunzi hakumwondoi mtumishi kazini. Likizo ya mwaka ni ile iliyoombwa, ikaidhinishwa na ikapunguzwa kwenye siku zake. Lakini hilo lisemwe na karatasi: ratiba ya usimamizi wa mitihani yenye jina lako, fomu za ukaguzi wa mafunzo zenye tarehe, barua pepe za matokeo. Mwajiri naye anatakiwa na sheria kutunza kumbukumbu za ajira kwa miaka mitano baada ya ajira kukoma, kwa hiyo usikubali kuambiwa jalada lako limepelekwa stoo. Omba kwa barua alilete mbele ya CMA.

Sasa tarehe, na hapa naomba msomaji atulie. Kanuni za usuluhishi na uamuzi, Tangazo la Serikali Namba 64 la 2007, zinatoa siku 30 kwa mgogoro wa kuachishwa kazi isivyo halali, na siku 60 kwa migogoro mingine yote. Malipo ya likizo yamo kwenye siku 60. Aliyestaafu 31 Machi, akihesabu kuanzia siku inayofuata, siku yake ya 60 ni 30 Mei. Hizi ni siku za kalenda, Jumapili na Pasaka zikiwemo.

Siku hizo 60 huisha kwa upole. Mstaafu anakwenda ofisini, anakutana na afisa utumishi ambaye alikuwa mwanafunzi wake. "Shikamoo Mwalimu, karibu ukae. Hilo suala lako lipo mezani kwa mkubwa, tuvumiliane kidogo." Wanakutana tena kanisani, wanakutana msibani Kibosho, jibu ni lilelile, na lina heshima. Katika miji kama Moshi na Arusha, ambako mwajiri wako anaweza kuwa dayosisi yako mwenyewe, kupeleka shauri kunaonekana kama kumvunjia mzazi heshima. Ninaielewa aibu hiyo na siidharau. Ila mahakama zetu zimesema mara nyingi kwamba mazungumzo na ahadi za mwajiri hazisimamishi muda. Ukichelewa itabidi uombe kuongezewa muda, na hapo utatakiwa kueleza kila siku ya kuchelewa, hata iwe moja. "Walikuwa wananiahidi" kwa kawaida haitoshi. Cheti cha hospitali chenye tarehe kinaweza kutosha.

Wanaopewa mkataba wa mwaka mmoja au miwili baada ya kustaafu wako kwenye hatari kubwa zaidi. Mtu anaendelea kufundisha darasa lilelile, anaona ajira haijakatika, anangoja mkataba wa pili uishe ndipo adai vyote. Mwajiri atasema, na atasikilizwa, kwamba ajira ya kwanza ilikoma siku ya kustaafu na muda wa madai yake ulianzia pale. Kabla ya kusaini mkataba mpya, ama ulipwe likizo za zamani, ama ziingizwe humo kwa maandishi kama deni lenye kiasi na tarehe ya kulipwa. Kusaini mkataba wenye kifungu cha kwamba huna dai lolote la nyuma ni kuifuta haki yako kwa kalamu yako.

Shauri hufunguliwa kwa Fomu Namba 1 ya CMA. Huhitaji wakili ili kuijaza, na unaweza kusaidiwa na chama cha wafanyakazi kama RAAWU au THTU ukiwa mwanachama, au mwakilishi wako mwenyewe. Nakala mkabidhi mwajiri kwanza, akusainie kupokea, ndipo uipeleke Tume na uthibitisho huo. Jaza jina la mwajiri kama lilivyo kisheria. Vyuo vingi vya dini husimamiwa na bodi ya wadhamini iliyosajiliwa, na tuzo iliyotolewa dhidi ya jina lisilo na uwepo kisheria haikazwi, yaani mahakama haiwezi kulazimisha itekelezwe. Angalia mkataba wako wa ajira, usiangalie bango la getini. Sehemu B ya fomu ni ya wanaolalamikia kuachishwa kazi pekee. Mstaafu akiijaza anajigeuza kuwa mtu aliyefukuzwa, anajiletea ukomo wa siku 30 na pingamizi la awali juu yake. Mahali pa nafuu unazoomba, andika kila kitu kwa kiasi chake: likizo ya mzunguko uliokamilika, likizo ya mzunguko usiotimia, nauli kama ipo, cheti cha utumishi. Usichokiandika pale hutapewa baadaye, hata mwamuzi akikuonea huruma.

Usuluhishi hufanyika ndani ya siku 30, na madai haya ya likizo ndiyo yanayofaa kumalizwa hapo, kwa kuwa ni hesabu. Nenda na karatasi moja yenye hesabu yako, nakala tatu. Msuluhishi akiona upande mmoja una namba na mwingine una maneno, mazungumzo huhamia kwenye zile namba. Usikose kufika, maana shauri la asiyefika linaweza kutupwa. Mkikubaliana, soma makubaliano mstari kwa mstari kabla ya kusaini. Maneno "malipo kamili na ya mwisho ya madai yote" hufuta hata yale ambayo hamkuyazungumza. Kama mmekubaliana likizo tu, iandikwe likizo tu. Itajwe pia kama kiasi ni kabla au baada ya kodi, na kitalipwa tarehe ngapi.

Ikishindikana, shauri linakwenda kwa mwamuzi, ambako vielelezo vinapokelewa na mashahidi wanahojiwa. Mkuu wa idara wa zamani aliyekataa likizo yako, naye akiwa mstaafu, huwa shahidi mzuri kuliko wote kwa kuwa hana tena cha kupoteza. Asiyeridhika na tuzo ana wiki sita kuomba marejeo, yaani Mahakama Kuu iipitie upya, na kutoka hapo Mahakama ya Rufani husikiliza hoja ya kisheria tu. Gharama za kesi kwa kawaida hazitolewi katika migogoro ya kazi, jambo linalomlinda mstaafu asiogope kulipishwa mawakili wa chuo, lakini pia linamaanisha wakili wake mwenyewe atamlipa kutoka kwenye hizo laki tisa. Piga hesabu hiyo kabla ya kumkubali anayetaka asilimia 30 ya kitakachopatikana.

Wiki sita zikipita bila mwajiri kuomba marejeo wala kulipa, tuzo hukazwa kupitia Mahakama Kuu kama amri nyingine ya mahakama. Utahitaji nakala ya tuzo iliyothibitishwa na Tume, na taarifa za mali ya mwajiri unayotaka ishikwe. Akaunti ya benki ndiyo rahisi, na namba yake mara nyingi imo kwenye fomu ya malipo ya ada ambayo kila mwanafunzi anayo. Mstaafu akifariki kabla ya kufika hapo, dai haliendi naye: msimamizi wa mirathi aliyeteuliwa na mahakama huendelea nalo, mradi familia ijue jalada liko wapi na namba ya shauri ni ipi.